Jenneval: mwigizaji aliyetunga wimbo wa taifa, na taifa lililoyafuta maneno yake

Vitabu vingi vinavyoorodhesha nyimbo za taifa duniani huandika hivi kuhusu Ubelgiji: maneno, Jenneval, muziki, François Van Campenhout. Upande wa muziki hakuna ubishi. Upande wa maneno msomaji anapotoshwa, kwa sababu hakuna mshororo hata mmoja wa Jenneval unaoimbwa leo katika hafla za serikali mjini Brussels. Ubeti unaoimbwa ni wa Charles Rogier, aliyeongoza serikali mwaka 1860. Mwigizaji aliyeutunga wimbo huo kwanza, akauawa kwa mzinga wiki chache baada ya kuukamilisha, ameachiwa heshima ya jina, kina cha mwisho wa ubeti na neno moja: uhuru.

Wanaotetea mabadiliko hayo husema maneno ya Jenneval yalikuwa makali mno na yalikwishapitwa na wakati. Sikubali. Maneno yale yalifutwa kwa sababu yalisema wazi nani alimtenda nani nini. Yaliyowekwa mahali pake hayasemi chochote kilichowahi kutokea, na wimbo usiotaja tukio lolote ni rahisi kuimbishwa mtu yeyote, hata aliyetawaliwa kwa nguvu. Kwa sisi tunaosoma Kiswahili hilo si jambo la mbali, maana wimbo huo uliimbwa Lubumbashi, Bukavu, Kigali na Bujumbura kwa miongo kadhaa.

Jina lake halisi ni Louis-Alexandre Dechet, mzaliwa wa Lyon, Ufaransa. Jenneval ni jina la jukwaani. Aliigiza katika miji kadhaa ya Ufaransa, likiwemo jukwaa la Odéon mjini Paris, kisha akaajiriwa katika kundi la La Monnaie, ukumbi mkuu wa Brussels. Alifariki kabla ya kutimiza miaka 30, na hakuacha diwani kubwa ya kumpa nafasi katika fasihi ya Kifaransa. Ufundi wake ulikuwa wa mwigizaji. Kazi hiyo humzoesha mtu kukariri mamia ya mishororo kwa vina, na humfundisha jambo ambalo washairi wengi wa mezani hawalijui: hadhira inashika nini kwa kusikia mara moja tu, bila kurudia. Wimbo wa Jenneval umejengwa juu ya ujuzi huo.

Mwaka 1815 mataifa yaliyomshinda Napoleon yaliunganisha Uholanzi na nchi ambayo leo ni Ubelgiji chini ya mfalme mmoja, Willem wa Kwanza, wa ukoo wa Orange-Nassau. Kusini kulikuwa na watu wengi zaidi kuliko kaskazini, lakini bunge likagawanywa viti sawa kwa sawa, 55 kwa 55. Deni kubwa la Uholanzi likawa la wote. Magazeti yalibanwa, maaskofu Wakatoliki waligombana na serikali juu ya shule, na waziri wa sheria, Van Maanen, akawa ndiye anayechukiwa kuliko wote. Mwaka 1830 mkate ulipanda bei na kazi zilipungua. Tarehe 25 Agosti, katika siku za kuadhimisha kuzaliwa kwa mfalme, La Monnaie ilionyesha opera ya Auber, La Muette de Portici, inayohusu mvuvi Masaniello aliyeongoza uasi wa Napoli dhidi ya Wahispania mwaka 1647. Ilipofika duweti, wimbo wa watu wawili, ya mapenzi matakatifu kwa nchi, ukumbi ulilipuka. Watu wakatoka nje, usiku ule nyumba ya Van Maanen ikachomwa moto, na viwandani mashine zikavunjwa. Siku mbili hazijapita, wenye mali mjini wakaunda ulinzi wa raia. Jenneval akaingia humo.

Mpangilio huo ni muhimu kwa anayetaka kuuelewa wimbo. Toleo la kwanza, lililoandikwa mwishoni mwa Agosti, si wimbo wa waasi. Ni wimbo wa mlinzi wa mtaa. Ubeti wa pili unawaita waporaji watu waovu na unawasifu raia kwa kuwafukuza. Ubeti wa tatu unamgeukia mfalme kwa adabu: thibitisha haki zetu, mwondoe waziri anayechukiwa, ubaki baba wa Wabelgiji, nawe utakuwa mfano kwa wafalme wengine. Hapa namlaumu Jenneval. Wale waliovunja mashine walikuwa vibarua wenye njaa, nao ndio walioziba barabara kwa vizuizi mwezi uliofuata. Hakuwapa hata mshororo mmoja wa haki.

Uzuri wa utunzi uko kwenye kituo. Kila ubeti una mishororo minane, kila mshororo mizani nane, vina vya kupishana, na mishororo miwili ya mwisho inakutanisha tunda na mti. Tunda ni chungwa, nembo ya ukoo wa Orange. Mti ni mti wa uhuru, ule ambao tangu Mapinduzi ya Ufaransa watu walikuwa wakiupanda katika viwanja vya miji. Kituo kinarudi beti zote nne, ila kitenzi kinabadilika. Katika ubeti wa kwanza chungwa litachanua tena juu ya mti wa uhuru. Katika wa pili lazima libebeshwe kwenye mti huo, kama mkulima anavyobebesha tawi la aina moja kwenye shina la aina nyingine. Katika wa tatu litaiva. Katika wa nne, mfalme akithubutu kuwarushia watu wake mizinga, litaanguka.

Vitenzi vinne vinabeba hoja nzima ya kisiasa, kuanzia matumaini, kupita sharti, mpaka onyo. Aliyesimama nyuma kabisa ya ukumbi na kukosa nusu ya maneno bado angeelewa, kwa sababu sikio lake linasubiri chungwa na mti na linataka kujua safari hii chungwa litafanywa nini. Washairi wetu wa kibwagizo wanaufahamu mvuto huo, ingawa kwa kawaida kibwagizo chetu hakibadiliki. Jenneval alikibadilisha makusudi.

Alijifunga pia kamba ngumu. Katika Kifaransa, maneno yanayopatana kina na "orange" si mengi. Kuna "change", kubadilika. Kuna "fange", matope. Kuna "étrange", la ajabu. Mtunzi anayeliweka tunda hilo mwishoni mwa mshororo wa saba anajilazimisha kutafuta mwenzake wa mshororo wa tano kila ubeti. Ndiyo sababu maneno hayo matatu yote yamo katika matoleo yake, na ndiyo sababu wazo la kubadilika linashikamana na jina la mfalme tangu ubeti wa kwanza, unaosema tusiache lolote libadilike, hadi ule wa vita, unaosema sasa kila kitu kimebadilika. Kina kilimsukuma, naye akageuza msukumo huo kuwa maana.

Maneno ya kwanza yaliimbwa kwa tuni iliyokuwa ikijulikana tayari. Mwezi Septemba Van Campenhout, mwimbaji wa sauti ya juu aliyekuwa pia mtunzi, mzaliwa wa Brussels mwenyewe, akaandika tuni mpya. Katika toleo la mwisho la Jenneval mshororo wa sita wa kila ubeti umerefuka kutoka mizani nane hadi kumi, beti zote nne bila kukosa. Mabadiliko sawasawa namna hiyo hayatokei kwa bahati. Yanaonyesha maneno yaliyokatwa kufuata kipimo cha tuni. Anayetunga maneno kwa tuni iliyopo hukwama hasa hapo: anahesabu mizani ya mshororo wa kwanza, anadhani mingine yote ni sawa, halafu mwimbaji analazimika kuburuta silabi moja juu ya noti mbili au kubana mbili kwenye noti moja. Mkazo nao una sheria zake. Kifaransa hukaza silabi ya mwisho, hivyo "liberté" inatua juu ya pigo zito la kumalizia bila kubaki na mkia. Kiswahili hukaza ya pili kutoka mwisho, na tuni yake lazima imalizie kwa noti nzito ikifuatiwa na nyepesi, kama unavyosikia katika "Ee Mungu nguvu yetu". Maneno ya Kifaransa yakitafsiriwa kwa Kiswahili neno kwa neno juu ya tuni ya Van Campenhout, mkazo utaanguka pasipostahili kila mwisho wa ubeti.

Tarehe 23 Septemba askari wa mfalme, wakiongozwa na mwanawe Prinsi Frederik, waliingia Brussels. Mapigano ya bustani ya katikati ya mji yaliendelea siku nne, na usiku wa kuamkia tarehe 27 jeshi likarudi nyuma. Onyo la Agosti lilikuwa limetimia, na Jenneval akakaa kuandika upya.

Toleo hili ndilo lililobeba jina lake katika historia, na ni vizuri kulisoma pamoja na la kwanza, maana linalijibu mshororo kwa mshororo. Lile lilisema: ole wako ukirusha mizinga. Hili linaanza kwa kuuliza: nani angeamini? Mfalme amerusha. Vina ni vilevile, picha ni zilezile, ila nafsi na nyakati zimegeuzwa. "Utaona chungwa likianguka" imekuwa risasi za mzinga zimelivunja chungwa juu ya mti wa uhuru. Katika ubeti wa pili mfalme, ambaye watu walikuwa wakimwita baba na kumwomba sheria za haki tu, amelizamisha chungwa katika damu kwa mzinga ulioelekezwa na mwanawe. Hilo la mwana si pambo la ushairi. Ni taarifa kamili juu ya Frederik. Katika wa tatu bendera imesimikwa chini ya malaika mkuu, yaani Mikaeli aliye juu ya mnara wa jumba la mji wa Brussels, na mti unaona fahari kustawi bila chungwa.

Ubeti wa nne ndio bora kuliko yote aliyoandika. Unawageukia waliokufa kwa mizinga kabla nchi haijapata hata nafasi ya kujua majina yao. Unawaambia walale chini ya udongo wa kawaida walikopangwa, mbali na chungwa, chini ya mti wa uhuru. Hauwaahidi mnara, wala hausemi watakumbukwa milele. Unakiri kwamba nchi inadaiwa majina na bado haijayajua. Katika nyimbo za taifa ninazozijua, ukweli wa namna hiyo juu ya mashujaa ni nadra sana.

Serikali ya muda ilitangaza uhuru tarehe 4 Oktoba. Jenneval hakurudi jukwaani. Alitoka na askari wa kujitolea waliokuwa wakilifuatilia jeshi la Uholanzi kuelekea Antwerp, na tarehe 18 Oktoba 1830, karibu na mji wa Lier, mzinga ukamuua. Amezikwa katika Uwanja wa Mashahidi mjini Brussels, pamoja na zaidi ya watu 400 waliouawa katika mapigano ya Septemba, na mwaka 1897 akajengewa mnara wake hapohapo.

Kati ya kifo na mnara maneno yake yakaondolewa. Uholanzi iliutambua uhuru wa Ubelgiji mwaka 1839, na kufikia 1860 serikali ya Brussels ilitaka ujirani mwema na Waholanzi. Kuendelea kumwimbia jirani kwamba mzinga umevunja nembo ya ukoo wake kulionekana ni uchokozi. Rogier akaandika maneno mapya. Alikuwa na haki ya kuujali wimbo huo: Septemba 1830 aliongoza watu wa kujitolea wapatao 300 kutoka Liège hadi Brussels. Kama Jenneval, naye alizaliwa Ufaransa, katika mji wa Saint-Quentin. Wimbo wa taifa la Ubelgiji umeandikwa mara mbili, mara zote na mzaliwa wa Ufaransa, mara zote kwa Kifaransa, katika nchi ambayo sehemu kubwa ya watu wake walizungumza lahaja za Kiholanzi. Maneno rasmi ya Kiholanzi yalisubiri hadi 1938.

Rogier aliacha jengo na kubadilisha wakazi. Beti nne zilibaki za mishororo minane. Kina cha "té" kilibaki mwishoni. Chungwa lilitoka, na mti wenyewe ukang'olewa. Mahali pa kituo chenye kitenzi kinachobadilika pakawekwa kituo kisichobadilika kamwe: mfalme, sheria, uhuru. Ukiyatazama maneno hayo matatu yalivyopangwa unaona kilichotokea. Kwa Jenneval uhuru ni mti, na mfalme ni tunda linaloweza kuiva juu yake au kuanguka. Kwa Rogier mfalme anatajwa kwanza na uhuru mwisho. Lakini nampa Rogier haki yake kwa ubeti wa tatu, unaowafungulia milango Waholanzi kama ndugu wa zamani na kusema watu huru ni marafiki. Huo ni ubeti mwema, nao unasema jambo mahususi kwa watu mahususi.

Bahati mbaya ubeti huo nao haukudumu. Waraka wa serikali wa mwaka 1921 uliamua kwamba uimbwe ubeti wa nne peke yake. Humo Ubelgiji ni mama mpendwa. Anapewa mioyo, mikono na damu. Anaapiwa kwamba ataishi, mkubwa na mzuri, katika umoja usioshindika. Huwezi kujua kwa kuusoma kama nchi hiyo iliwahi kupigana na nani, ilidai nini, au ilikataliwa nini. Ukiondoa jina la nchi unaweza kuuimba popote. Katiba ya Ubelgiji inataja rangi za bendera na kaulimbiu ya umoja ni nguvu, lakini wimbo haimo. Tarehe 21 Julai 2007, sikukuu ya taifa, mwandishi wa televisheni alimuuliza Yves Leterme, mwanasiasa aliyekuwa akiunda serikali, kama anaujua wimbo wa taifa kwa Kifaransa. Akaanza kuimba ule wa Ufaransa. Watu walimlaumu kwa wiki nyingi. Mimi naulaumu ubeti: hauna picha hata moja ya kushikwa na kumbukumbu.

Kuna anayeweza kusema wimbo wa taifa lazima uwe hivyo ili udumu. Josef Kajetán Tyl anaonyesha vinginevyo. Naye alikuwa mtu wa jukwaa, mwigizaji na mwandishi wa tamthilia wa Bohemia, aliyezaliwa mwaka 1808 na kufa 1856 akiwa katika kundi la maigizo linalozunguka. Mwaka 1834 tamthilia yake, Fidlovačka, ilionyeshwa Prague bila mafanikio, lakini wimbo mmoja wa mpiga fidla kipofu, wenye muziki wa František Škroup, ukabaki vinywani mwa watu, na mwaka 1918 ukawa wa taifa la Chekoslovakia. Haumtaji adui. Unauliza: kwetu ni wapi? Kisha unajibu kwa vitu vinavyoonekana: maji yanayovuma kwenye malisho, misonobari inayoimba juu ya miamba. Waigizaji wawili, ufundi mmoja. Wimbo ukitaka kuepuka siasa, basi uwe na nchi ndani yake, nchi ya kuonekana na kusikika. Ubeti wa 1921 hauna siasa ya Jenneval wala malisho ya Tyl.

Sasa turudi kwetu. Mwaka 1908 Ubelgiji iliichukua Kongo kutoka mikononi mwa Leopold wa Pili, na baada ya Vita Kuu ya Kwanza ikapewa Rwanda na Urundi. Septemba 1916 askari Waafrika wa Force Publique, jeshi la kikoloni la Kongo, waliiteka Tabora kwa ajili ya bendera hiyo, na wengi wao hawakurudi makwao. Watoto wa shule walifundishwa wimbo. Mtoto wa Lubumbashi aliapa kwa Kifaransa kumpa mama Ubelgiji damu yake, na ubeti haukuwa na neno hata moja la kumzuia mwalimu kufundisha hivyo.

Chukua maneno ya Jenneval uyaweke kwenye ubao uleule. Kuna watu waliounganishwa na nchi nyingine bila kuulizwa. Kuna mfalme wa mbali anayeitwa baba. Watu wanamwomba sheria za haki tu, yeye anajibu kwa mizinga. Kuna waliokufa ambao nchi haijajua majina yao. Ni mwalimu gani wa kikoloni angethubutu kumtaka mtoto wa Kikongo aukariri na kueleza maana yake? Sidai kwamba waraka wa 1921 uliandikwa kwa kuifikiria Kongo. Nadai kwamba maneno yaliyochaguliwa yalifaa ukoloni, na yaliyoachwa yasingefaa kamwe.

Tarehe 30 Juni 1960 Mfalme Baudouin alisimama Kinshasa, wakati huo Léopoldville, akaisifu kazi ya Leopold wa Pili. Patrice Lumumba akasimama na kutaja matusi na vipigo vya asubuhi, mchana na jioni, na sheria isiyokuwa sawa kwa mweupe na mweusi. Padri Simon-Pierre Boka aliandika maneno ya wimbo mpya, Debout Congolais, kwa muziki wa Joseph Lutumba, naye akafanya kile ambacho Rogier alikikwepa: aliiweka tarehe ndani ya wimbo. Waimbaji wanaitaja 30 Juni kwa jina, tena na tena. Mobutu alipoibadili nchi kuwa Zaire, wimbo huo uliwekwa kando, na maneno ya La Zaïroise yakaandikwa na Boka huyohuyo. Mwaka 1997 wa kwanza ukarudishwa na tarehe yake, na unaimbwa hadi leo kutoka Matadi hadi Goma.

Walimu wa historia wa Kinshasa, Kigali na Bujumbura wanaofundisha enzi ya Ubelgiji wangefanya vizuri kuyaweka matoleo mawili ya Jenneval na ubeti wa 1921 kwenye ukurasa mmoja. Ni mishororo 72 kwa jumla, inatosha kipindi kimoja. Waanze na vitenzi vya chungwa, maana wanafunzi watavishika upesi, kisha waulize ubeti wa tatu wa Agosti 1830 ungesomwaje Léopoldville mwaka 1959.